Upande Mweupe wa Mama Kivuli

Jambo la kwanza nililoligundua kwa Mama Kivuli lilikuwa ubavu wa kiganja chake cha kushoto. Ulikuwa wa kijivu, unang'aa kidogo, kama mtu aliyeupitisha kwenye masizi ya sufuria akasahau kunawa. Katika chumba kingine chochote nisingejali. Lakini hiki kilikuwa chumba cha kukatia vitambaa vyeupe vya hospitali, ambamo kila fundi hunawa mikono kabla ya kugusa chochote, na mwenye doa kwenye kidole hurudishwa bombani kama mtoto. Nikajiuliza mkono ule umegusa nini, na kwa nini vitambaa vyake havikuwa na alama hata moja.

Nilikuwa na wiki mbili tu tangu nivue joho la mahafali. Kiwanda hiki cha ushonaji kilinichukua kuwa karani wa mipango, kazi ambayo hakuna aliyejua hasa inahusu nini, mimi nikiwa wa kwanza kutojua. Asubuhi ya siku ya kwanza Meneja aliniita ofisini, akafunga mlango, kisha akafunga na dirisha.

"Umesoma hesabu?"

"Ndiyo, Bosi. Shahada ya kwanza, na nilikuwa wa tatu katika..."

"Sijakuuliza ulikuwa wa ngapi. Nisikilize. Kitambaa kinayeyuka humu ndani."

Alinieleza kwa sauti ya chini. Kiwanda kinashona vitu viwili, magauni ya wagonjwa na mashuka. Kila siku majora mawili ya kitambaa hutoka stoo kwenda chumba cha kukatia. Kwa miezi miwili sasa, kinachotoka huko hakilingani na kinachoingia.

"Unamshuku nani, Bosi?"

"Simshuku mtu. Ila kitambaa kikitoka stoo kinapita mikononi mwa mtu mmoja kabla ya kufika kwenye cherehani. Mmoja tu. Fungua macho, kijana. Na ufunge mdomo."

Mtu huyo alikuwa Mama Kivuli. Kwa miaka ishirini na miwili amesimama kwenye meza ile ile, meza ya mita sita yenye misumari midogo ya shaba ukingoni, mmoja kwa kila mita. Ni mwembamba, mrefu, na kilemba chake hukibana hadi karibu na nyusi. Akikata haongei. Siku ile ya kwanza alinikabidhi mkasi wake ili nione uzito, na bega langu likateremka. Akacheka puani.

"Hiyo ndiyo digrii yangu," alisema.

Mafundi wa cherehani walisikia, na kuanzia saa ile jina langu la nyumbani likafa. Nikawa Digrii. Aliyelisambaza zaidi ni Mzee Pindo, fundi mkongwe anayekunja pindo za mashuka bila kuzitazama, mdomo wake ukifanya kazi kuliko mikono.

"Mzee, kwa nini anaitwa Mama Kivuli?" nilimnong'oneza.

"Subiri saa kumi utaona. Lakini usimtolee macho sana. Hapendi."

Saa kumi jioni, cherehani zikiwa zimenyamaza, Mama Kivuli alifuta mkasi, akautundika, akatoa ufunguo shingoni na kufungua kabati dogo la ukutani. Upande wa ndani wa mlango wake palikuwa na karatasi kubwa. Alichomoa penseli, akaweka nukta moja tu, akapapasa karatasi kwa ubavu wa kiganja, akafunga. Aligeuka akanikuta namtazama. Alirudisha ufunguo ndani ya nguo yake, akachukua mfuko wake wa turubai uliotuna, akaondoka.

Mfuko ule nao! Ulituna kila siku, asubuhi na jioni. Nilianza kuutazama kwa jicho la pembeni. Nilianza kuutazama hata usipokuwepo.

Siku ya nne alikwenda bombani akaacha kabati wazi. Sijivunii nilichofanya. Niliangalia huku na huku, nikachungulia.

Ilikuwa grafu. Mhimili mlalo na mhimili wima imechorwa kwa rula, na mistari minne iliyonyooka ikikatana. Karatasi nzima ilikuwa imetiwa kivuli cha penseli, tabaka juu ya tabaka, isipokuwa kipande kimoja cheupe chenye pembe nne kilichobaki katikati ya mistari. Ndani ya weupe huo zilikuwepo nukta kadhaa. Hapakuwa na namba wala neno, hata jina la mhimili. Mtu aliyechora kwa uangalifu wa namna ile na kuficha namba zote alikuwa na jambo.

Nilijiona mjanja mno, maana grafu hiyo niliijua. Ni ile tuliyojifunza shuleni katika hesabu za kutolingana, ambazo hazina alama ya sawasawa. Zinasema kitu hiki kisizidi hapa, kile kisipungue pale. Kila sharti huwa mstari, na kila mstari huigawa karatasi pande mbili, upande unaokubalika na usiokubalika. Mwalimu wangu alitufundisha kutia kivuli upande unaokubalika. Masharti yakiwa mengi, pale vivuli vyote vinapokutana ndipo penye majibu. Kilichobaki cheupe ni cha kutupa.

Na nukta zote za Mama Kivuli zilikuwa kwenye weupe.

Niliinakili haraka kwenye daftari, nikaenda ofisini moyo ukinidunda kwa furaha, jambo ambalo nikilikumbuka sasa naona haya.

"Bosi, ana ramani ya mipaka yote ya kiwanda. Kila siku anaweka alama ya alichofanya. Na alama zote ziko nje ya eneo linaloruhusiwa. Zote!"

Meneja alivua miwani. "Maana yake anajua anavuka mipaka?"

"Anajua, na anaandika."

"Hesabu inasema hivyo?"

"Hesabu inasema hivyo."

Mama Kivuli aliitwa Ijumaa saa nne. Nilikuwepo. Meneja alimwambia aweke mkasi mezani, aende nyumbani, na Jumatatu saa mbili arudi kueleza kitambaa kinakwenda wapi. Asipokuwa na maelezo, mkasi ule atapewa mtu mwingine. Mtunza stoo pia alikuwepo, jamaa mnene mcheshi tunayemwita Kufuli kwa sababu ya funguo nyingi zinazoning'inia kiunoni.

"Pole dada yangu," Kufuli alisema. "Mimi stoo natoa majora mawili, mita sitini sitini, na saini yako ipo. Sasa mimi nitasemaje?"

Mama Kivuli alinitazama mimi.

"Umechungulia kabati langu, mwanangu?"

"Ndiyo, mama."

"Ungebisha hodi, ningekufungulia."

Aliweka mkasi mezani taratibu, kama mtu anayelaza mtoto, akatoka. Mfuko wake ulikuwa umetuna kama kawaida. Meneja aliutazama, akanitazama, lakini hakuna aliyethubutu kusema ufunguliwe.

Mchana huo Meneja akaniambia niandike ripoti kamili, yenye namba, apate kuionyesha kwa wenye kiwanda. Hapo ndipo nilipogundua kwamba namba sikuwa nazo. Nilikuwa nimemhukumu mtu kwa umbo la kivuli. Nikaenda kwa Mzee Pindo.

"Ah, Digrii! Umekuja kunipima na mimi? Kiuno inchi arobaini, usimwambie mke wangu."

"Mzee, gauni moja linakula kitambaa mita ngapi?"

"Tatu."

"Na shuka?"

"Mbili. Unadhani tunashonea majitu?"

"Na muda?"

Alinieleza. Gauni lina mikono na kamba, linachukua saa nzima ya cherehani. Shuka ni pindo tu, katika saa moja yanatoka matatu. Cherehani ziko tano, na kila moja inashona saa sita kwa siku ukiondoa kutia uzi, kupumzika na kupiga umbea, jumla saa thelathini. Hospitali nayo imeweka sharti kwamba kila siku magauni yasipungue kumi na mashuka yasipungue kumi na mawili.

Niliketi kwenye kona ya meza ya kukatia nikachora. Magauni mhimili mlalo, mashuka mhimili wima. Kitambaa: mara tatu ya magauni, ukijumlisha na mara mbili ya mashuka, isizidi mia moja na ishirini. Muda: magauni, ukijumlisha na theluthi ya mashuka, yasizidi thelathini. Kisha masharti mawili ya hospitali. Mistari minne. Ili kujua upande gani wa kila mstari unakubalika, nilijaribu nukta ya sifuri kwa sifuri, kama tulivyofundishwa. Ukiwa hujashona kitu, kitambaa hakijazidi, upande huo unakubalika. Muda haujazidi, vilevile. Lakini hospitali haijapata magauni yake kumi wala mashuka yake kumi na mawili, kwa hiyo hapo sifuri inakataliwa, na upande unaotakiwa ni ule wa mbele ya mstari.

Nilianza kutia kivuli pale majibu yanapokutana. Umbo likajitokeza chini ya penseli yangu, lenye pembe nne, limeinama kulia, na pembe moja ndefu kwa juu.

Nilifungua daftari nilimonakilia karatasi yake.

Lilikuwa umbo lile lile, ila kivuli changu kilikaa juu ya weupe wake kama mguu ndani ya kiatu. Mama Kivuli alitia kivuli yasiyowezekana yote, mstari baada ya mstari, hadi kikabaki kile kinachowezekana tu. Upande wake mweupe ndio ulioruhusiwa. Nukta zake hazikuvuka mpaka wowote. Nami nilikuwa nimeshawaambia watu kinyume chake kwa mdomo mpana.

Ningekuwa mtu mzima ningekimbia ofisini saa ile ile. Lakini shaka haiondoki mara moja, hasa ikiwa imekaa siku nne. Niliwaza kwamba hata kama nukta zake ni halali, kitambaa bado kinapungua. Pembe ya juu kulia ya umbo, pale mstari wa kitambaa unapokutana na wa muda, ni magauni ishirini na mashuka thelathini. Nikamuuliza Mzee Pindo jana yake walitoa nini.

"Kumi na sita kwa thelathini. Siku hizi saa tisa tunakuwa tumemaliza, tunakaa tunatazamana. Cherehani zinatamani kitambaa."

Kwa hiyo muda ulikuwa wa kutosha. Kilichobana ni kitambaa. Magauni kumi na sita ni mita arobaini na nane, mashuka thelathini ni mita sitini. Jumla mia moja na nane. Mita kumi na mbili hazipo. Na mfuko wa turubai umetuna.

Jumamosi mchana nilikwenda nyumbani kwake. Niliambiwa ni nyuma ya duka la viatu, mlango wa bluu. Barazani aliketi mwanamume mwenye lenzi jichoni, ameinamia saa iliyofunguliwa tumbo. Alikuwa mumewe, fundi saa.

"Shikamoo, baba. Naitwa..."

"Marahaba. Unaitwa Digrii." Hakuinua kichwa. "Mama! Mpelelezi wako amekuja. Leo amebisha hodi."

Mama Kivuli alitoka akifuta mikono. Hakunikaribisha ndani, wala hakunifukuza.

"Umetumwa?"

"Hapana, mama. Nimekuja mwenyewe."

"Na aliyekutuma Jumatatu hadi Alhamisi amepumzika leo?"

Nikatoa karatasi yangu na ile nakala ya yake, nikaziweka mezani pembeni ya saa. Alizitazama kwa muda mrefu, kwanza yangu, kisha yake, kisha yangu tena. Nikaona pembe ya mdomo wake ikicheza.

"Nani alikufundisha kuchafua sehemu unayoihitaji?"

"Mwalimu wangu wa sekondari."

"Wangu alisema: 'Msichafue jibu. Futeni uongo wote, ukweli utabaki safi.' Nikawa wa kwanza darasani. Mwaka wa pili, kabla ya mtihani wa mwisho, baba akafariki, na nyuma yangu walikuwepo wadogo watano. Nikaingia kwenye kukata vitambaa. Hesabu ile moja ndiyo niliyotoka nayo. Hao watoto niliwagawia siku zangu kwa hesabu hiyo. Saa za kazi zisizidi hizi, saa za kuwapikia zisipungue hizi." Akagonga weupe kwa kidole. "Hapa palikuwa padogo kama ukucha. Lakini palikuwepo."

"Na wewe mwenyewe ulikuwa wapi humo?" fundi saa aliuliza.

"Kwenye kivuli, pamoja na wewe. Nyamaza utengeneze saa ya watu."

Nilikusanya ujasiri, nikauliza kuhusu mfuko. Nilijua nahatarisha mlango ule wa bluu. Alinitazama kwa jicho kali, akaingia ndani, akarudi nao, akaumwaga mezani. Zilikuwa karatasi zilizoviringishwa, zimefungwa kwa kamba za vitambaa, makumi na makumi, moja kwa kila mwezi wa kazi. Anazibeba kila siku kwa sababu haamini kuziacha kazini wala nyumbani.

"Kazini naogopa wenye macho," alisema. "Nyumbani naogopa huyu, atafungia saa."

"Mara moja tu!" fundi saa alijitetea. "Mara moja, mwaka ule!"

Alifungua karatasi tatu za zamani. Nukta zake zilikaa juu kabisa, zikiegemea mstari wa kitambaa, nyingi zikibanana kwenye ile pembe ya ishirini kwa thelathini. Kisha akafungua mbili za karibuni, akanisomea nukta. Magauni kumi, mashuka thelathini na tisa. Kumi na mawili kwa thelathini na sita. Kumi na manne kwa thelathini na tatu. Kumi na sita kwa thelathini. Kila siku mchanganyiko ulibadilika kufuatana na oda, lakini nukta zote zilikuwa zimeshuka pamoja, zikajipanga kwenye mstari mpya, chini ya ule wa kwanza na sambamba nao kabisa. Mstari huo mpya alikuwa ameuchora kwa vistari.

"Kwa nini umeukatakata?"

"Kwa sababu siuamini. Nitauchora mzima siku nitakayomjua baba yake."

Nilipiga hesabu ya kila nukta. Mia moja na nane. Mia moja na nane. Mia moja na nane.

"Sasa wewe uliyesoma niambie," alisema. "Mtu akiiba kitambaa, anaibaje? Leo mita tano, kesho mbili, keshokutwa anaogopa anaacha. Nukta zingetawanyika kama choroko zilizomwagika. Na kama ningekuwa nakata ovyo magauni, mstari ungebadilisha mwinamo. Mwinamo ni ule ule. Kila jora linanipa mita hamsini na nne za kazi na kipande cha mwisho kisichofika mita. Kila jora! Huyu mwizi gani anaiba kwa rula?"

Nilitaka kusema kwamba mtu mwenye rula ninayemjua ni mmoja tu. Nadhani aliliona wazo hilo usoni pangu.

"Sema, usiume maneno. Hata mimi ningenishuku. Ndiyo maana nilinyamaza. Ningesema kitambaa kinapungua, mtu wa kwanza kukamatwa ni mwenye mkasi. Nilikuwa nangoja nukta zitoshe."

"Wewe unamshuku nani, mama?"

Alishusha sauti, ingawa barazani tulikuwa watatu tu. "Zamani majora yalinifikia yamefungwa nailoni ya kiwandani. Tangu miezi miwili iliyopita, yalipoanza kuja haya mapya, Kufuli ananiletea yamefunguliwa. Anasema anatoa nailoni ili kupunguza taka chumbani kwangu. Tangu lini Kufuli akajali taka zangu?"

Hapo shaka yangu ikahama. Nilimwona Kufuli na mkasi wake huko stoo, akikata mita sita za kila jora, akicheka na funguo zake zikilia. Ilinijia kirahisi mno, na wepesi huo ulinitia hofu. Siku mbili kabla nilikuwa nimemwona Mama Kivuli kirahisi vivyo hivyo.

Fundi saa alitoa lenzi jichoni.

"Jora limeandikwa nini?"

"Sitini," mkewe alisema.

"Sitini ya nini?"

"Mita. Kibandiko cha stoo kinasema mita sitini."

"Cha stoo, sawa. Nauliza cha waliolifuma, ni mita au yadi? Mimi mtu akiniambia saa yake ilisimama saa sita, namuuliza ya mchana au ya usiku. Wanakonunua sasa ndiko walikokuwa wakinunua zamani?"

Tulitazamana, mimi na Mama Kivuli. Hakuna aliyejua, ila yadi sitini ni mita hamsini na nne na kidogo. Kanuni ya stoo ni kwamba kibandiko cha kiwanda chetu hubandikwa juu kabisa ya karatasi ya mtengenezaji, na aliye na ruhusa ya kuandika kibandiko hicho ni Kufuli. Kilicho chini yake hakuna aliyewahi kukisoma.

"Basi dawa ni moja," alisema Mama Kivuli. "Jora ambalo halijafunguliwa na mtu. Nailoni yake ikatwe mbele ya macho ya wote, lipimwe kwenye meza yangu, kwenye misumari. Likifika mita sitini, kitambaa kinaliwa humo ndani, na sisi wawili, mimi na Kufuli, mmoja ni mwongo. Likiishia hamsini na nne na kidogo, wote mtaniomba radhi kwa zamu."

"Na likiishia katikati?" nilisema.

"Halitaishia katikati. Nina nukta arobaini."

Nilimpigia simu Meneja nikiwa pale pale barazani, nikamwambia kwamba nilikosea, nikaeleza nilivyokosea, hadi kwenye kivuli.

"Kwa hiyo Ijumaa hesabu ilisema hivi, na leo inasema vile?"

"Hesabu haikubadilika, Bosi. Ni mimi niliyeisoma kwa upande wa pili."

"Na nitajuaje kwamba leo umeshika upande wenyewe? Au amekupikia chakula?"

"Hata maji sijapewa, Bosi."

Fundi saa alicheka hadi skrubu ikamdondoka. Meneja hakucheka, lakini alikubali. Alikwenda stoo mwenyewe, akachagua jora lenye nailoni yake, akalifungia ofisini kwake na kuondoka na ufunguo. Alisema Jumatatu saa mbili litapimwa, na kwamba likifika sitini mama yule hatarudi tena mezani, na mimi pia nitafute kwingine pa kuchorea grafu zangu.

Leo ndiyo Jumatatu. Naandika mistari hii nikiwa nimekalia ndoo iliyogeuzwa, katika kona ya chumba cha kukatia. Saa mbili kasoro dakika kumi. Hakuna cherehani inayolia. Mafundi wote wamesimama kuzunguka meza, wamenawa mikono kana kwamba wanakwenda kupasua mgonjwa. Meza ina urefu wa mita sita, kwa hiyo jora la mita sitini linapaswa kuijaza mara kumi kamili. La hamsini na nne litaijaza mara tisa, kisha kitabaki kipande kisichofika hata msumari wa kwanza. Mzee Pindo amepewa kazi ya kuhesabu kwa sauti, na tangu saa moja anafanya mazoezi.

"Ukiruka namba, mzee, nakupima kiuno mbele ya watu," fundi mmoja anamtania.

Mama Kivuli amesimama mahali pake. Kabati liko wazi, mlango wake umeelekezwa kwetu, na kwa mara ya kwanza ameandika namba kwenye mihimili na maneno kwenye mistari: kitambaa, muda, magauni ya hospitali, mashuka ya hospitali. Mstari wa vistari, ambao humu ameuongeza leo, bado hauna jina. Penseli iko juu ya sikio lake. Kiganja chake cha kushoto amekiosha hadi kimepauka. Amenisalimia, lakini hajaniita mwanangu.

Kufuli naye amefika mapema, jambo ambalo Mzee Pindo anasema halijawahi kutokea. Ameegemea ukuta, hatanii mtu, na funguo zake amezishika kwa mkono zisilie. Nimemtazama mara tatu. Mara mbili nilimkuta anatazama mlango. Mara ya tatu alikuwa ameinama, anatazama kibandiko cha zamani kilichonata kwenye mguu wa meza, akikikwangua kwa ukucha polepole, midomo ikicheza kama mtu anayesoma herufi ndogo.

Kwenye korido kuna hatua nzito. Ni Meneja, jora liko begani, jeupe ndani ya nailoni yake, na mkasi wa Mama Kivuli uko mkononi. Anaviweka vyote viwili mezani. Kibandiko cha stoo kiko juu: mita sitini. Mtu mmoja anasema kibanduliwe kwanza tuone kilicho chini, na Meneja anatikisa kichwa.

"Kwanza tupime. Karatasi baadaye."

Anamsogezea Mama Kivuli mkasi. Mama anaupokea kwa mkono wa kushoto, anaingiza ncha yake chini ya nailoni, na Mzee Pindo anavuta pumzi ili aseme moja.